TAMKO LA WAPIGA PICHA WA RUGU KUHUSU JINA LA ALIYESHIKA KAMERA

Sisi, wapiga picha za mnato na za video wa Rugu na vijiji jirani vya Karagwe na Kyerwa, mkoani Kagera, tumekutana kumkumbuka mpiga picha marehemu Mohamed Amin, aliyefariki tarehe 23 Novemba 1996. Tunautangazia umma na mamlaka husika yafuatayo:

1. Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam. Akiwa mwanafunzi alinunua kamera ya mtumba aina ya Box Brownie, na mwaka 1963 akaanzisha Camerapix katika mji huohuo kabla ya kuhamia Nairobi. Kenya inamhesabu kuwa mwanawe, na ni haki yake. Hata hivyo, kazi yake ilianzia katika ardhi ya Tanzania, nasi hatuoni sababu ya jambo hilo kusahauliwa.

2. Oktoba 1984 alikuwa Korem, Ethiopia, pamoja na mtangazaji wa BBC, Michael Buerk. Taarifa yao ya njaa ilirushwa tarehe 23, kisha ikaonyeshwa na vituo zaidi ya 400 duniani. Tarehe 13 Julai 1985 yakafanyika matamasha ya Live Aid, London na Philadelphia, ya kuwachangia wenye njaa. Wengi hukumbuka sauti ya Buerk, na sauti ile inastahili kukumbukwa. Lakini aliyewatazama wenye njaa kupitia lenzi, akachagua pa kusimama na uso wa kukaa nao, ni Amin. Dunia iliona kwa macho yake bila kumjua.

3. Juni 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Amin alipoteza mkono wa kushoto, na mrekodi sauti wake, John Mathai, akapoteza maisha. Amin alirudi kazini na mkono wa bandia. Tunamtaja Mathai kwa makusudi, kwa kuwa mrekodi sauti hutajwa mara chache kuliko hata mpiga picha.

4. Ndege aliyosafiria Amin kutoka Addis Ababa ilitekwa, ikaishiwa mafuta, ikaanguka baharini karibu na kisiwa cha Ngazija, Komoro. Kati ya watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa, wakiwamo Amin na mwandishi Brian Tetley, mwenzake wa miaka mingi. Tukio hilo lilirekodiwa na mtalii aliyekuwa ufukweni.

5. Kagera inayo haki ya kulisemea jambo hili la majina ya watu walio nyuma na mbele ya kamera. Majeshi ya Idi Amin wa Uganda yalivamia mkoa wetu Oktoba 1978. Mwaka 1994 wakimbizi kutoka Rwanda waliingia Ngara na Karagwe kwa maelfu, na kamera za mataifa mengi zikawafuata. Picha hizo zimehifadhiwa mbali na hapa. Waliopigwa picha walikuwa na majina. Waliowaongoza wageni njia na kuwatafsiria lugha nao walikuwa na majina.

6. Msimamo wetu ni kwamba picha ina mwenyewe. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda kazi ya picha kama inavyolinda kitabu na wimbo. Hatukubali hoja kwamba picha iliyosambaa kwenye simu imekuwa mali ya kila mtu. Tunaziomba halmashauri, taasisi za dini, vyama na vyombo vya habari vinavyotumia picha zetu katika mabango na taarifa viombe idhini na kuandika jina la mpiga picha. Ombi hili si la fedha peke yake. Hata pale ambapo tumetoa picha bure, jina tunalidai.

7. Nasi tumejifunga kwa masharti hayohayo. Kuanzia leo, kila video itakayotoka mikononi mwa mmoja wetu, iwe ya harusi, kipaimara au msiba, itabeba jina la mpiga picha, la mrekodi sauti na la msaidizi wa taa. Hatutampiga picha mgonjwa wala mfiwa bila ridhaa yake au ya jamaa zake.

8. Aidha, tumeazimia kuwarekodi wazee wa Rugu walioiona vita ya 1978 na 1979, kwa Kinyambo au Kiswahili, kama kila mmoja atakavyopenda. Nakala ya kwanza ya kila rekodi itaachwa nyumbani kwa mzee aliyezungumza.