Waacheni Wadudu Wasafiri

Kuna swali limenichosha jamani: "Hii hadithi inatufundisha nini?" Mtu akiandika kuhusu ndoa, ukame au rushwa, haulizwi sana. Lakini athubutu kubuni sayansi isiyokuwepo, tuseme elimu ya wadudu wanaosafiri katika wakati, yenye maprofesa wake, ugomvi wake na majina yake ya kitaalamu, hapo utasikia: eti mchezo wa kitoto, eti Waafrika tuna matatizo halisi, wadudu wa nini?

Nawajibu: ninyi ndio mnaoichukulia fasihi kitoto. Mnataka kila kitabu kiwe barua ya mjomba yenye nasaha.

Hebu twende kwa mdudu mwenyewe. Mwaka 1952 Mmarekani Ray Bradbury alichapisha hadithi fupi, "A Sound of Thunder". Ni mwaka 2055, na kampuni moja inauza safari za kurudi nyuma miaka milioni 60 kuwinda dinosaria. Sharti ni moja kubwa: usitoke kwenye njia uliyowekewa. Mteja mmoja, Eckels, anaingiwa na hofu, anatoka. Wakisharudi anakuta kwenye matope ya kiatu chake kipepeo aliyekufa. Kumbukeni kwamba kipepeo huyo naye kasafiri miaka milioni 60, tena bila tiketi.

Wengi hukumbuka habari ya uchaguzi: aliyekuwa ameshindwa sasa ndiye rais, na ni mtu wa kutisha. Lakini kabla Eckels hajauliza nani kashinda, anaona kibao cha kampuni ukutani. Tangazo ni lilelile, tahajia imegeuka. Mwandishi alikuwa na dunia nzima ya kuharibu, akaanza na herufi!

Hapo ndipo hadithi inaponiuma mimi, maana Waswahili tunacho kipepeo chetu. Mwaka 1928, katika mkutano uliofanyika Mombasa, Kiunguja kilichaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu. Kimvita, lahaja ya mji huohuo waliokaa, lahaja ya Muyaka bin Haji, kikaachwa. Mwaka 1930 ikaanza kazi kamati ya lugha ya makoloni ya Afrika Mashariki, kusimamia tahajia na vitabu vya shule. Sasa mrudishe mdudu mmoja hadi 1928, aingie chumbani mle, amsumbue mjumbe mmoja sikioni, kura igeuke. Leo vibao vya barabarani vingeandikwa "ndia". Daktari angekupima mato. Na mtoto wa Unguja angekatwa alama kwa kuandika "njoo" badala ya "ndoo", halafu mwalimu amwambie aache lugha ya mtaani.

Kitabu cha historia kitakupa tarehe ya mkutano. Lakini kukufanya ujihisi mgeni mbele ya kibao cha lugha yako mwenyewe, hiyo ni kazi ya elimu ya kubuni. Baada ya hapo, ukisikia mtu anasema "Kiswahili sahihi", utamtazama mara mbili.

Wengine watasema huu ubunifu ni porojo, kila mtu anaweza. Jaribu basi. Gerolf Steiner, Mjerumani aliyebuni wanyama wanaotembea kwa pua na kuwaandikia kitabu kizima kwa lugha kavu ya maabara, alikuwa mwanazoolojia kweli. Stanisław Lem katika Solaris, 1961, alibuni taaluma yenye vizazi vya wataalamu waliosoma bahari moja wasiielewe. Kazi hizi hazivumilii uvivu. Mimi ni mwandishi wa habari, nalipwa kuthibitisha mambo, na naona nidhamu ileile: ukishaweka kanuni, mdudu wako haruhusiwi kuivunja kwa sababu tu hadithi imekukwama.

Tena maumbile yenyewe hayaogopi kuchekwa. Marekani kuna nyenje wanaokaa ardhini miaka 13, na wengine 17, kisha hutoka wote kwa pamoja. Mwaka 2024 makundi mawili, moja la kila aina, yalitoka mwaka mmoja, jambo ambalo kwa makundi hayo halikuwa limetokea tangu 1803. Mwandishi angebuni hilo mngemwambia amezidisha chumvi.

Na msiniambie jadi hiyo si yetu. Nagona ya Kezilahabi ni ya 1990, Walenisi ya Katama Mkangi 1995, Bina-Adamu! ya Wamitila 2002. Mlango uko wazi siku nyingi. Kinachoniudhi ni baadhi ya wanaoingia leo wakiacha kila mtambo na kila kiumbe na jina la Kiingereza, kama vile Kiswahili kinaishia sokoni.

Kazi ya kutaja majina ndiyo tamu, na ndiyo ngumu. Chukua neno "mdudu" tu. Kwetu buibui ni mdudu, mnyoo ni mdudu, kiini cha maradhi ni mdudu, na kwenye baa za Dar mdudu ni kitimoto. Profesa wetu wa kwanza akisimama kutoa mhadhara, nusu saa nzima itaishia kwenye ugomvi wa nani aruhusiwe kupanda mashine.