Mwanasesere wa Krismasi: Thamani Yake Iko Wapi?

Nataka kuzungumzia wanasesere. Najua wengine wataliona jambo hili kuwa la kitoto, lakini tafadhali msicheke kabla hamjanisikiliza.

Mnamo Desemba 2022, shangazi yetu anayeishi Minnesota, Marekani, alikuja nyumbani Nyamira kwa Krismasi. Alimletea mdogo wangu wa kike Barbie aliyetengenezwa mahususi kwa sikukuu hiyo, mweusi kama sisi, amevaa gauni refu linalometameta. Kabla mtoto hajaligusa sanduku, shangazi akaonya, "Msilifungue! Mkilitunza hivyo hivyo, siku moja litakuwa mali." Basi sanduku likapandishwa juu ya kabati. Mdogo wangu, aliyekuwa na miaka sita, akabaki kulitazama kutoka chini kama paka anayetazama nyama darini.

Nakiri kwamba niliunga mkono uamuzi huo. "Akiba haiozi," nilimwambia alipolia. Mimi ndiye niliyepewa kazi ya kulipangusa vumbi kila Jumamosi.

Je, shangazi alisema kweli? Alisema nusu ya kweli. Barbie alianza kuuzwa na kampuni ya Mattel mwaka 1959. Mwaka 1988 akatolewa wa kwanza wa sikukuu, mwenye gauni jekundu, na kuanzia 1990 akawepo pia mweusi. Msururu huo wa kwanza uliendelea hadi 1998, kisha yakafuata matoleo mengine ya sikukuu. Yule wa 1988 alipanda bei sana miaka ya tisini kwa sababu hakutosheleza waliomtaka. Habari zikaenea. Watu wakaanza kununua wawili, watatu, hata zaidi, na kuwafungia kabatini wakisubiri utajiri. Kampuni nayo ikatengeneza wengi. Matokeo yake ni kwamba kila mmoja ana akiba ileile, na mnunuzi hayuko. Haya hayahitaji somo la uchumi. Nendeni soko la Daraja Mbili pale Kisii siku ndizi zimejaa, mtaona bei inavyoanguka.

Kwa hivyo kinachompa mwanasesere thamani si ule mng'aro wa gauni. Ni uchache wake, hali yake na kumbukumbu zake: ametengenezwa wapi, na nani, mwaka gani. Mkusanyaji hodari husoma maandishi ya sanduku kwanza, kisha ndipo anatazama sura.

Sasa nitaeleza aibu yangu. Mdogo wangu alipochoka kutazama juu, alikwenda kwa magokoro, yaani nyanya yetu. Magokoro akamtengenezea mwanasesere wa maganda makavu ya mgomba. Kichwa alikifunga kwa uzi, gauni akalikata kutoka kitambaa cha leso iliyochakaa, nyekundu, ili naye awe wa Krismasi. Mtoto alilala naye, akambeba mgongoni, akaenda naye mtoni. Mwaka uliofuata, tulipokuwa tukisafisha nyumba kungojea wageni wa sikukuu, nililipangusa lile sanduku la shangazi kwa uangalifu mkubwa, halafu nikafagia yule wa mgomba pamoja na takataka nikamtia motoni. Sikujua nimefanya nini mpaka mtoto alipoanza kumtafuta. Magokoro wakati huo macho yalikuwa yamekwisha kufifia, hawezi tena kutunga uzi. Hatapatikana mwingine.

Jamani, kati ya wale wawili, yupi alikuwa mmoja tu duniani?

Na hili si la nyumbani kwetu peke yake. Hapa jirani, Tabaka, mafundi huchonga jiwe laini ambalo ulimwengu mzima hulijua kwa jina la Kisii. Jiwe huchimbwa, hukatwa kwa panga, huchongwa kwa kisu, kisha husuguliwa kwa msasa na maji, kazi ambayo mara nyingi hufanywa na akina mama, halafu hung'arishwa kwa nta. Miongoni mwa vitu wanavyochonga ni sanamu za Krismasi: Mariamu, Yusufu, mtoto horini, wachungaji na mamajusi. Sanamu hizi husafirishwa ng'ambo zikapambe nyumba za watu. Ni wangapi kati yetu walio nazo nyumbani? Tena mara nyingi haziandikwi jina la aliyezichonga. Si kwamba hatuna wachongaji wa kujivunia. Mzee Elkana Ong'esa, mwana wa huku huku, ndege wake wa jiwe yuko Paris kwenye makao makuu ya UNESCO, na jina lake linajulikana. Wengine wengi kazi zao huondoka bila jina wala mwaka. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari.

Wapo watakaoniuliza, "Je, unataka tuchukie vitu vya wageni?" La hasha! Shangazi alileta zawadi kwa upendo, na Barbie hana kosa lolote. Ninachopinga ni kukitunza cha mbali kwa sababu kina sanduku, huku cha kwetu tukikifagia kwa sababu hakina. Usiache mbachao kwa msala upitao.

Napendekeza hivi. Kila mwaka kabla ya kufunga shule, chama chetu kipate kitu kimoja tu cha Krismasi kilichotengenezwa Kisii au Nyamira, kiwe cha jiwe, cha mgomba au cha udongo. Tukiwekee kadi yenye jina la fundi kwa ridhaa yake, kijiji chake, mwaka na bei tuliyomlipa. Tukiweke katika kabati la maktaba. Hata tukiwa na shilingi chache tunaweza. Baada ya miaka kumi, wanafunzi watakaokuja watakuwa na jambo la kusoma ambalo halimo kitabuni.

Na lile sanduku? Nimempigia shangazi simu nikamweleza yote, hata habari ya moto. Alinyamaza kwa muda, kisha akasema, "Mfungulie mtoto." Jumamosi iliyopita tulilifungua. Mdogo wangu, ambaye sasa amekuwa mkubwa kidogo, alimtoa Barbie, akamgeuza geuza, halafu akaniuliza kama ninajua kufunga maganda ya mgomba.

Sijui. Lakini magokoro bado anaweza kunielekeza kwa mdomo, nami nimeanza kujifunza.