Tangu Lini Udongo Ukafinyanga?

Jamani, kuna neno limenikaa kooni tangu kikao chetu cha mwisho cha kusomeana kazi, na leo nalitema. Mshikaji mmoja alisimama akatuambia kwa madaha kwamba Tanaka Kinuyo, yule mwigizaji wa Japani, eti "aliumbwa na Mizoguchi". Wote tukatikisa vichwa. Na mimi nikatikisa! Nilipofika nyumbani nikapiga hesabu, nikaona aibu.

Hebu tuhesabu pamoja. Tanaka alizaliwa mwaka 1909, Shimonoseki. Mwaka 1924, akiwa binti wa miaka 14, aliingia kampuni ya Shochiku. Sinema ilikuwa bado bubu. Ukumbini alikaa msimulizi, wenyewe wakimwita benshi, akiwasemea waigizaji. Na miaka michache tu kabla ya hapo, nafasi za wanawake katika filamu za Japani zilichezwa na wanaume waliojipamba. Maana yake Tanaka alianza kazi wakati mwanamke ndiyo kwanza anafunguliwa mlango. Mwaka 1929 akacheza kwa Ozu. Mwaka 1931 akacheza kwa Gosho, katika filamu ya kwanza ya sauti iliyofanikiwa kweli nchini mwao. Mwaka 1933 akarudi kwenye filamu bubu, akawa mcheza ngoma wa Izu.

Na Mizoguchi je? Alianza kufanya naye kazi mwaka 1940. Miaka 16 baadaye! Sasa hiyo kuumbwa ilikuwaje, bwana?

Mtaniambia mwongozaji ndiye mwenye akili, mwigizaji hutumwa tu. Sawa. Lakini kwenye filamu bubu, nani alilia bila sauti ukumbi ukalia naye? Aliyekaa nyuma ya kamera?

Simvunjii Mizoguchi heshima. Filamu yao ya mwaka 1952, maisha ya Oharu, ni kazi kubwa. Ila ni kazi ya wawili. Na Tanaka alipotaka kuongoza filamu mwenyewe, Mizoguchi huyohuyo alipinga. Tanaka akaongoza hivyohivyo: ya kwanza mwaka 1953, na hadi mwaka 1962 zilikuwa zimefika sita. Nauliza tena, tangu lini udongo ukafinyanga?

Kwa nini yaniwashe? Kwa sababu sentensi kama ile ya mshikaji hutungwa na sisi wenye kalamu. Mwezi uliopita mimi mwenyewe niliandika hadithi ya msichana mwimbaji "aliyegunduliwa" na bwana mmoja. Kabla ya bwana huyo sikumpa hata jirani, hata wimbo mmoja aliouimba akichota maji. Nanyi mlinipigia makofi.

Nimeichana. Naanza upya, na safari hii msichana atakuwa na miaka yake 16 kabla bwana hajabisha hodi. Anayepinga aje na hesabu, asije na sauti.