Patroni na mufanyakazi wanaweza kupatana wasilipe CNSS?

Lubumbashi – Maneno haya yanasikika sana kwenye kampuni ndogo zinazopewa kazi na kampuni kubwa za madini. Patroni anamuambia mufanyakazi: "Tuache mambo ya CNSS, ukamate mushahara wako muzima." Mwenye watoto wa kusomesha anakubali mbio.

Lakini mapatano hayo hayana nguvu. Sheria namba 16/009 ya tarehe 15 Julai 2016 inamuhusu kila mufanyakazi mwenye patroni, awe na kontra ya karatasi ao ya mudomo. CNSS, ile wazee wengi wanaita bado INSS, inapokea 18% ya mushahara: 5% inatoka kwa mufanyakazi, 13% kwa patroni. Sehemu kubwa, 10%, njo ya pansioni. Inayobaki ni ya posho ya watoto na ya hatari za kazini.

Tuhesabu. Kwa mushahara wa franka 500 000, mufanyakazi anakatwa 25 000, patroni anaongeza 65 000. Kumbe "mushahara muzima" unamuachia mufanyakazi 25 000 mukononi, na patroni anabakia na 65 000 mufukoni.

Wenye kampuni wengine wanasema Kenya inaruhusu. Ni nusu ya ukweli. Sheria ya NSSF ya 2013, iliyoanza kukata mishahara Februari 2023 kisha Mahakama ya Rufaa kuifungulia njia, inagawanya muchango sehemu mbili. Sehemu ya kwanza inaenda NSSF, hakuna ruhusa. Kwa sehemu ya pili, patroni anaweza kuomba kwa mamlaka ya pensheni, RBA, aipeleke kwenye mufuko mwingine unaotambuliwa. Hapo feza inabadilisha sanduku tu, hairudi kwa patroni. Kwetu Congo, kampuni inaweza kufungua mufuko wake juu ya CNSS, lakini si pahali pa CNSS.

Wapatroni nao wana kilio chao. FEC, shirika la wenye makampuni, inalalamika tangu zamani juu ya wingi wa kodi na taksi. Kampuni ndogo ikikawia kulipwa fakture yake na kampuni kubwa, mwisho wa mwezi unafika kasha iko tupu. Ni kilio cha kweli, lakini dawa yake ni kuomba serikali na wateja wakubwa walipe kwa wakati, si kukopa uzee wa mufanyakazi.

Ujanja mwingine ni jurnalie asiyeisha. Sheria ya kazi ya 2002 inasema: mutu akiisha kufanya siku 22 katika miezi miwili, akiitwa tena kabla miezi hiyo haijaisha, kontra yake inahesabiwa kuwa ya muda usio na mwisho.

Mitwaba, wachimbaji wa kasiterite na koltani hawana patroni wa kuwakatia. Lakini mulinzi wa depo, mwandishi wa koperative na muuzaji wa duka wanaolipwa kila mwezi, wao wanaye. Biro ziko mbali, na njia ya wakati wa mvua kila mutu anaijua. Kwa hiyo anayeangalia wa kwanza ni mufanyakazi mwenyewe.

Katanga inajua feza ya mara moja inaendaje. Mwaka 2003, wafanyakazi zaidi ya 10 000 wa Gécamines walikubali kuondoka katika mupango uliosaidiwa na Banki ya Dunia. Walipewa kitita kimoja. Kitita kinaisha, pansioni inarudi.

Basi, kabla ya kukubali "mushahara muzima", omba karatasi ya malipo kila mwezi na uichunge. Omba namba yako ya CNSS, uulize kwenye biro yao kama miezi yako imetangazwa. Ukikuta umekatwa na feza haikufika, deni hilo ni la patroni, si lako. Peleka karatasi zako kwa mukaguzi wa kazi. Usingojee miaka 60 ndipo uanze kutafuta mashahidi.