Mzee Dahle Hakungoja Kuulizwa

Kila wimbo wa kale unapopotea, lawama tunawatupia vijana: hawataki kujifunza, masikio yao yako kwingine. Mimi nasema wazee nao wana la kujibu. Ushahidi wangu nautoa mbali, Norwe, katika milima ya Telemark.

Huko wana fidla yao iitwayo ya Hardanger. Chini ya nyuzi nne zinazopigwa kwa uta hupita nyingine nne au tano zisizoguswa, nazo huitikia zenyewe, hata mtu mmoja husikika kama kundi. Katika karne ya 19 ala hii ilipata msukosuko. Walokole wa huko waliiita chombo cha shetani, na fidla kadhaa ziliishia motoni. Kisha ikaja kodiani, ikaipokonya harusi.

Katika zama hizo aliishi mpiga fidla Knut Dahle wa Tinn, huko huko Telemark, aliyezaliwa mwaka 1834. Alifunzwa na Myllarguten na Håvard Gibøen, mabingwa wasio na mfano, na yote aliyapokea kwa sikio. Hakukaa barazani akilalamika kwamba dunia imeharibika. Mwaka 1888 alimwandikia barua Edvard Grieg, mtunzi aliyejulikana Ulaya nzima, akiomba nyimbo alizorithi ziandikwe kabla hajazikwa nazo. Miaka ikapita bila kitu. Akaandika tena! Hatimaye, mwaka 1901, Grieg alimwomba Johan Halvorsen, aliyekuwa mpiga fidla hodari, aifanye kazi hiyo. Mzee akafunga safari hadi Kristiania, Oslo ya leo, akampigia Halvorsen nyimbo 17. Zilichapishwa mwaka 1903, pamoja na nyimbo hizo hizo kama Grieg alivyozipanga kwa piano.

Hapo wengi wetu tungepiga makofi na kwenda kulala. Kitabu kipo, hofu ya nini? Lakini ngoma ya springar ya Telemark ina mapigo matatu yasiyolingana: la kwanza refu, la mwisho fupi. Mcheza ngoma huyajua kwa miguu. Karatasi huyanyoosha yakawa sawasawa. Na fidla hiyo hukazwa nyuzi kwa namna zaidi ya 20, kila namna na nyimbo zake. Utayapata wapi hayo bila kukaa karibu na ajuaye, ukamtazama mkono? Anayeniambia kwamba siku hizi simu inarekodi kila kitu, namjibu kwamba simu hailei mrithi.

Dahle alilijua hilo. Licha ya barua zote zile, nyumbani alimfunza mjukuu wake, Johannes, aliyezaliwa mwaka 1890. Mzee alifariki mwaka 1921. Johannes akazipiga nyimbo za babu yake kwa miongo mingi baada yake, naye akarekodiwa. Kwa hiyo leo mwanafunzi anaweza kufungua maandishi ya Halvorsen na kuyapima kwa fidla ya ukoo wenyewe.

Basi wewe mzee ujuaye zeze, zumari au marimba, usingoje wizara wala mgeni mwenye kamera. Mtoto hajakuomba? Dahle naye hakuombwa na mtu. Mwite mmoja aketi karibu nawe, umpe chombo chenyewe akishike, na akikosea mwache arudie. Kama kuna mtu mjini awezaye kuandika nyimbo zako, mpelekee habari, na akinyamaza, mpelekee tena.