Musoma, Saa Nane na Malta: kwa nini anga hulindwa kutoka ardhini

Mei 2025 droni zilishambulia mji wa Port Sudan, nchini Sudan, kwa siku kadhaa mfululizo. Zilizolengwa zilikuwa maghala ya mafuta, uwanja wa ndege na mitambo ya umeme. Kila habari kama hiyo inapotangazwa, watu huuliza: je, nchi yetu ina ndege ngapi za kivita?

Swali hilo lina maana, lakini halitoshi. Historia ya Ziwa letu inaonyesha kwamba ndege ni sehemu moja tu ya ulinzi wa anga. Sehemu kubwa iko chini: watu, mafuta, mawasiliano na taarifa sahihi inayofika kwa wakati.

Ziwa halina kizuizi

Oktoba 1978, ndege za Uganda zilishambulia Bukoba na maeneo ya jirani. Mwishoni mwa mwezi huo majeshi ya Idi Amin yaliingia Kagera, na Novemba Mosi Amin akatangaza kwamba eneo lote la kaskazini mwa mto ni la Uganda. Siku iliyofuata Rais Julius Nyerere, mzaliwa wa Butiama na Amiri Jeshi Mkuu, alilitangazia taifa kwamba Tanzania itampiga.

Vita vya ardhini vilikuwa Kagera, upande wa pili wa Ziwa. Lakini kwa ndege, Mara haikuwa mbali. Kutoka Entebbe hadi Musoma, kwa mstari ulionyooka juu ya maji, ni kilomita zipatazo 230. Ndege ya kivita inayokwenda kilomita 900 kwa saa huzimaliza kwa robo saa. Njiani hakuna mlima wala kijiji cha kutoa taarifa, isipokuwa visiwa na mitumbwi ya wavuvi.

Kwa hiyo askari wenye makombora ya kutungulia ndege waliwekwa Musoma. Mtu aliyesimama pale na kusikia mngurumo kutoka ziwani alikuwa na dakika chache, pengine sekunde, za kuamua: hii ni yetu au ya adui?

Kosa la Musoma

Katika siku hizo za mwanzo wa vita, ndege za kivita za Tanzania zilipita Musoma na kutunguliwa na askari wa Tanzania wenyewe.

Ni rahisi kuwalaumu waliofyatua. Lakini tazama hali ilivyokuwa. Tanzania na Uganda zote zilikuwa na ndege za MiG, zenye umbo moja na mlio mmoja. Askari wa chini hawezi kusoma bendera kwenye bawa la ndege inayopita kwa kasi ile. Kinachomwokoa rubani ni taarifa kutangulia mbele yake: ndege zetu zinakuja, saa fulani, kutoka upande fulani. Taarifa isipofika, ujasiri na silaha nzuri vinageuka kuwa hatari kwa wenyewe.

Kosa la namna hii halikuishia 1978. Januari 8, 2020, ulinzi wa anga wa Iran ulitungua ndege ya abiria ya Ukraine karibu na Tehran, na watu wote 176 wakafa. Desemba 2024, meli ya kivita ya Marekani ilitungua ndege ya kivita ya Marekani juu ya Bahari ya Shamu. Marubani wawili waliruka na kuokoka. Marekani ina rada na kompyuta ambazo Musoma ya 1978 haikuwa nazo, na bado kosa lilitokea.

Mabomu ya Saa Nane

Mwishoni mwa Machi 1979, Muammar Gaddafi wa Libya, aliyekuwa akimsaidia Amin, alituma ndege kubwa aina ya Tu-22 kushambulia Mwanza. Ndege hiyo ilikuwa na kasi kuliko sauti. Mabomu yaliukosa mji, yakaangukia kisiwa cha Saa Nane, kwenye hifadhi, na kuua wanyama.

Tanzania ilijibu. Ndege zake za kivita zilishambulia maghala ya mafuta Kampala, Jinja na Tororo. Kumbuka Port Sudan: miaka zaidi ya 45 imepita, na anayeshambulia kutoka angani bado hutafuta mafuta kwanza. Gari, ndege na mtambo wa umeme vyote husimama mafuta yakiungua. Aprili 11, 1979, Kampala ilianguka.

Kisiwa kilichojifunza kwa gharama

Mfano ulio wazi zaidi unatoka nje ya Afrika. Katika Vita vya Pili vya Dunia, kisiwa cha Malta, chini ya Waingereza, kilipigwa mabomu kwa zaidi ya miaka miwili na ndege za Italia na Ujerumani. Zilitoka Sicily, umbali wa kilomita 100 hivi.

Aprili 20, 1942, ndege 46 za kivita aina ya Spitfire zilifika Malta kutoka kwenye meli ya Marekani. Zilikuwa ndege bora, lakini chini hakukuwa na maandalizi ya kutosha. Adui aliziona zikitua, akazifuata. Ndani ya siku chache nyingi zilikuwa zimeharibiwa.

Mei 9 zikaja nyingine zipatazo 60. Safari hii kila ndege ilikuwa na mahali pake, palipozungushiwa kuta za mawe na madebe ya mafuta yaliyojazwa mchanga. Mafundi walikuwa wakisubiri na mafuta na risasi, na rubani mwenyeji alikuwa tayari kuingia. Baadhi ziliruka tena baada ya dakika kama kumi. Aina ya ndege ilikuwa ileile. Kilichobadilika ni kazi ya watu wa chini.

Msikilizaji afanye nini?

Ukisikia habari ya shambulio la anga, iwe Sudan, mashariki mwa Kongo au kwingine, usiishie kwenye idadi ya ndege au droni. Uliza mambo matatu. Nani aliiona mapema? Taarifa ilifika kwa nani? Na kilicholengwa, hasa mafuta na umeme, kilikuwa kimelindwaje?

La nne linatuhusu sisi wenye simu. Siku hizi taarifa ya hatari haipiti kwa askari peke yao; inapita kwenye makundi ya WhatsApp kutoka Bunda hadi Ukerewe kwa dakika moja. Picha ya vita vya nchi nyingine ikiandikwa kwamba ni ya ziwani leo, inaweza kuwatoa watu majumbani na kuwazuia wavuvi wasiende majini. Ukiona kitu kisicho cha kawaida angani au ukaokota kipande cha chuma usichokijua, usikiguse. Mwambie mwenyekiti wa kijiji au polisi kabla ya kusambaza. Askari wa Musoma walikosa taarifa. Sisi tunazo nyingi, ila tunatakiwa kujua ipi ni ya kweli.