Kuondoa Shauri Si Kushindwa

Wapo wanaodhani kuwa anayeondoa shauri lake mahakamani amekubali kushindwa. Fikra hiyo ni potofu. Machi 22, 2024, siku moja baada ya kukamatwa kwa Arvind Kejriwal, wakati huo Waziri Kiongozi wa Delhi, wakili wake aliondoa ombi katika Mahakama ya Juu ya India ili kwanza rumande ipingwe katika mahakama ya chini. Mahakama Kuu ya Delhi ilimkatalia Aprili 9. Akarejea Mahakama ya Juu, nayo Julai 12 ikampa dhamana ya muda.

Sheria ina milango mingi. Lakini mkulima asiye na wakili, mlango mmoja ukifungwa, hurudi nyumbani haki yake imepotea. Kumwonyesha mlango wa pili ni wajibu wa watumishi wa umma na walimu.